Nimelipia losilesi, mbona mwimbaji bado anasikika kama yuko ndani ya simu?

SWALI: Shikamoo fundi. Niko chuo hapa Morogoro, mwaka wa pili. Naipenda sana bendi ya The Strokes ya New York, na kwa miaka miwili nimekuwa nikiisikiliza kwa MP3 alizonipa binamu yangu. Mwezi uliopita nikajibana, nikalipia huduma ya muziki yenye losilesi, ule ubora wanaosema haupotezi kitu, nikapakua albamu zao zote sita. Nimevunjika moyo. Kwenye albamu ya kwanza, "Is This It", sauti ya mwimbaji bado inakwaruza kama ya mtu anayeongea kwenye simu mbovu. Kuna jamaa pia kaniuzia flashi yenye albamu hiyohiyo, faili zimeandikwa FLAC 24/192, eti ubora kupita CD, nazo ni vilevile. Nasikilizia hedifoni za Bluetooth, na si za bei chee. Je, nimepigwa? Kama sijapigwa, hiyo tofauti wanayoisema watu iko wapi?

JIBU: Marahaba, mdogo wangu. Umeuliza maswali matatu kwa mkupuo, na kila moja lina jibu lake. Kwa ile sauti ya kukwaruza, hujapigwa. Kwa flashi naamini umepigwa, na nitakuonyesha namna ya kuhakikisha kwa macho yako. Kwa Bluetooth unajipiga mwenyewe kila siku.

Tuanze na mwimbaji, maana hapo ndipo roho yako ilipouma. "Is This It" ilirekodiwa mwaka 2001 na Gordon Raphael kwenye studio yake ya Transporterraum, chumba cha chini ya ardhi eneo la East Village, New York. Kwa kawaida mwimbaji huwekewa maikrofoni nzuri, sauti ikaenda moja kwa moja kwenye mashine ya kurekodi. Julian Casablancas hakurekodiwa hivyo. Sauti yake ilipitishwa kwenye amplifaya ndogo ya Peavey, ile ambayo mpiga gitaa anakaa nayo chumbani kufanyia mazoezi. Unachosikia wewe ni mtu aliyepita kwenye kijispika cha gitaa.

Sasa fikiria gari la matangazo linalopita mtaani kwenu kutangaza mkutano. Anayeongea anaweza kuwa na sauti ya kuongoza kwaya, lakini ikishapita kwenye ile spika ya pembe inatoka nyembamba, imekatwa besi chini na imekatwa ung'avu juu, na akipaza inapasuka. Spika ya gitaa ina tabia ya namna hiyo, ingawa si kwa ukali ule. Kuanzia kHz 5 hivi (mitetemo 5,000 kwa sekunde) kwenda juu inaanza kuishiwa nguvu, wakati sikio la kijana kama wewe linafika karibu na kHz 20. Huko juu ndiko kunakokaa pumzi, mate, ncha za herufi kama "s" na "t", vile vitu vinavyokufanya uhisi mwimbaji yuko mbele yako. Havikuingia kwenye rekodi tangu siku ya kwanza. Hakuna faili wala waya wa dhahabu utakaovirudisha.

Na walitaka iwe hivyo. Mwaka 2001 redio zilijaa roki iliyosuguliwa mpaka ikang'aa. Vijana hawa watano wakaenda upande mwingine: maikrofoni chache, nyimbo fupi, sauti ya mwimbaji iliyochafuliwa kwa makusudi. Kwa hiyo faili yako ya losilesi imefanya kazi yake sawasawa. Imekuletea uchafu wote waliouchagua, bila kuongeza wala kupunguza. Ingekuwa umefungua faili ukamkuta Casablancas anaimba kwa sauti laini kama mafuta ya nazi, hapo ndipo ningekwambia kadai hela yako.

Neno lenyewe ndilo linaloponza watu. Ukisikia "losilesi" unadhani ni kitu kinachosafisha, kumbe maana yake ni kwamba hakitupi kitu tu. Kwenye CD, sauti hupimwa mara 44,100 kila sekunde kwa kila upande, na kila kipimo kinaandikwa kwa biti 16. Ukizidisha, pande mbili, unapata kilobiti 1,411 kwa sekunde. Albamu hii ina dakika 36 hivi, kwa hiyo ikiwa nzimanzima bila kubanwa ni kama MB 380.

FLAC, aina ya faili ya losilesi, inazibana namba hizo kwa akili ya mwenye duka anayejua kutunza daftari. Jana ameuza 84,300. Leo ameuza 84,500. Badala ya kuandika namba nzima upya, anaandika "zaidi ya jana 200". Daftari linakuwa jembamba, lakini ukilifungua unarudisha kila namba ilivyokuwa, mpaka shilingi ya mwisho. FLAC inakisia kipimo kinachofuata kwa kuangalia vilivyotangulia, kisha inaandika kosa la ukisiaji peke yake. Muziki mpole, tuseme kinanda na sauti moja, unakisiwa kirahisi na faili inapungua sana. Roki yenye kelele haikisiki kirahisi, ndiyo maana albamu za bendi yako zinabaki nzito. Hiyo ya kwanza tarajia MB 250 au zaidi. (Toleo la kwanza rasmi la FLAC, kazi ya Josh Coalson, lilitoka Julai 2001, mwezi uleule albamu hii ilipoanza kuuzwa Australia. Sadfa tu, lakini mimi huipenda.)

MP3 inapita njia nyingine kabisa. Yenyewe inaujua udhaifu wa sikio la binadamu. Ngoma ikipigwa kwa nguvu, sauti ndogo zilizo karibu nayo kwa masafa (wembamba au unene wa sauti) na kwa wakati huzisikii, zimefunikwa. MP3 inakata muziki vipande vidogo sana vya wakati, inaugawa kwa masafa, halafu inajiuliza: hapa mtu hatasikia nini? Isichodhani utakisikia inakitupa. Ukiibana kidogo, tuseme kilobiti 320 kwa sekunde, inatupa kwa adabu. Ukiibana mpaka 128 inaanza kutupa hata vya kwako, na kilichotupwa hakirudi tena, hata ukiigeuza faili kuwa FLAC mara mia.

Sasa tofauti iko wapi? Kwenye albamu hii nakuelekeza mahali pamoja tu, maana pengine popote utapoteza muda. Mwimbaji kapita kwenye spika ya gitaa. Magitaa mawili, la Nick Valensi na la Albert Hammond Jr., nayo ni amplifaya za gitaa. Besi ya Nikolai Fraiture inakaa chini. Ukihesabu vizuri utaona kwamba kule juu kabisa, penye ncha na ung'avu, karibu kila kilichopo ni shaba ya mpiga ngoma Fabrizio Moretti: matoazi, na hasa hai-hati, yale matoazi mawili yanayofumbwa kwa mguu. Huko ndiko MP3 mbovu inakojulikana.

Fanya hivi. Weka "Last Nite", hedifoni ziwe za waya. Acha kumsikiliza mwimbaji, acha magitaa, fuata hai-hati peke yake kama unavyomfuata mchezaji mmoja uwanjani asiye na mpira. Kwenye faili nzuri kila pigo lina mwanzo: "tsi", kisha kimya kidogo, kisha "tsi" nyingine, na unaweza kuhisi jamaa anabonyeza na kuachia mguu. Kwenye MP3 ya 128 mapigo hayo yanaanza kuungana, yanakuwa "shwii-shwii", kama mtu anafagia uwanja wa mchanga kwa chelewa. Vilevile pigo kali la ngoma linaweza kutanguliwa na kivuli chake, kama kihuuhuu kidogo kabla ya kishindo, kwa sababu kosa la kubana linasambaa kwenye kipande kizima cha wakati, hata sehemu iliyo kabla ya pigo. Ukishakisikia mara moja hutakisahau. Pole kwa kukuharibia MP3 za binamu yako.

Lakini nisikudanganye. MP3 ya kilobiti 320 iliyotengenezwa vizuri, kwa muziki wa bendi hii, wengi wetu hatuitofautishi na losilesi. Mimi mwenyewe nina zaidi ya miaka hamsini na nimekaa mbele ya spika za studio tangu ujana. Nikipima masikio, juu ya kHz 12 nakuta giza. Mwaka jana nilimkalisha mpwa wangu wa miaka kumi na tisa tukafanya jaribio la kufumba: wimbo uleule, faili mbili, asijue ipi ni ipi, mara kumi na sita. Kwa 128 alipatia zote. Kwa 192 alipatia nyingi, akawa anakunja uso. Kwa 320 alipatia tisa, yaani sawasawa na kurusha shilingi. Mimi kwa 320 nilipatia saba, akanicheka.

Nakushauri ulifanye jaribio hilo kabla ya kulipa mwezi wa pili. Kwenye kompyuta ya Windows kuna programu ya bure inayoitwa foobar2000, nayo ina kiongezo cha kulinganisha faili mbili kwa kufumba, kinaitwa ABX. Kosa linalofanywa na karibu kila mtu ni kuchukua MP3 ya zamani ya kuazima na kuilinganisha na losilesi ya leo kutoka kwenye huduma. Hizo huenda zimetoka kwenye matoleo mawili yaliyopitia mastaringi tofauti (ile hatua ya mwisho ya kuiweka sawa sauti kabla albamu haijatoka), na moja inaweza kuwa na sauti kubwa kidogo kuliko nyingine. Sikio likipewa sauti mbili zinazofanana, moja ikiwa juu kidogo tu, litaapa kwamba ile ya juu ni safi zaidi. Wauza spika wanaijua siri hiyo siku nyingi. Kwa hiyo chukua faili moja ya FLAC unayoiamini, itengenezee MP3 mwenyewe kwa programu ya LAME, moja ya 128 na moja ya 320, ndipo ulinganishe. Hapo unapima ubanaji wenyewe na si kitu kingine. Faili za huduma ya kulipia hazitakusaidia kwa hili, zimefungwa, zinachezwa ndani ya programu yao tu. Utahitaji CD, au faili uliyoinunua ikawa yako.

Tuje kwenye flashi. Biashara ya kuingiza nyimbo kwenye flashi na memori kadi naijua vizuri, maana nilianzia kazi jirani na vibanda hivyo pale Kariakoo. Enzi hizo mteja alikuwa anauliza "nyimbo ngapi", hakuna aliyeuliza ubora. Siku hizi wateja kama wewe wanauliza ubora, na muuzaji mjanja amegundua kwamba kugeuza MP3 ya 128 iitwe FLAC 24/192 ni kazi ya dakika mbili. Faili inanenepa, jina linapendeza, ndani ni ileile. Ni kama kumwaga kikombe kimoja cha maziwa kwenye ndoo ya maji, halafu ukauza kwa kipimo cha ndoo.

Kwa hesabu tu: dakika 36 za 24/192, kabla ya kubanwa, ni karibu GB 2.5. Biti 24 zinapanua nafasi kati ya sauti ndogo kabisa na kubwa kabisa, kitu cha maana sana wakati wa kurekodi na kuchanganya, lakini biti 16 za CD tayari zina desibeli 96, na albamu ya roki iliyobanwa sauti juu mwanzo mpaka mwisho haitumii hata nusu yake. Na kupima mara 192,000 kwa sekunde kunahifadhi masafa mpaka kHz 96, ambayo popo angeyafurahia. CD inafika kHz 22, tayari imempita binadamu. Kwa bendi iliyoimbia kwenye amplifaya ya mazoezi, 24/192 ni kuvaa suti kwenda kuvua dagaa.

Uhakikishe hivi: pakua programu ya bure iitwayo Spek, iburutie faili moja. Itakuchorea picha ya masafa, wakati ukienda kulia na masafa yakipanda juu, rangi ikiwaka pale penye sauti. Angalia yanapopigwa matoazi. Kwenye faili halisi iliyotoka CD utaona michirizi yake inapanda kama nyasi, mirefu na mifupi, mingine ikikaribia kHz 22. Ikitoka kwenye MP3 ya 128 utaona rangi inakatika ghafla kwenye kHz 16, mstari ulionyooka kama ukuta uliopigwa plasta, na juu yake weusi mtupu mpaka kileleni. Ya 320 hukatika karibu na kHz 20, hiyo inahitaji jicho zaidi. Usitazame wimbo mmoja tu, tazama tatu au nne, na uangalie matoazi, usiangalie pale anapoimba peke yake, maana sauti yake haina cha juu hata kwenye rekodi halali. Ukikuta ukuta wa 16, mrudishie jamaa flashi yake na picha hiyo. Akikataa kurudisha hela, basi umenunua flashi.

Nije kwenye Bluetooth, na hapa ndipo nilipotaka unisikilize zaidi. Faili yako ya losilesi ikitoka kwenye simu haiendi kwenye hedifoni hivyohivyo. Simu inaifungua, halafu inaibana upya ili ipite hewani, na ubanaji huo ni wa kutupa. Ule wa kawaida kuliko wote, SBC, unaishia kwenye kilobiti 328 hivi. AAC, unaotumiwa na iPhone, ni kama 256. LDAC wa Sony unafika 990 mambo yakiwa mazuri, lakini ukiweka simu mfuko wa nyuma ukapita penye watu unaweza kushuka mpaka 330. Apple wenyewe, walipoleta losilesi kwenye Apple Music mwaka 2021, waliandika wazi kwamba Bluetooth haiwezi kuibeba. Kuna njia mpya zinazodai kupitisha ubora wa CD hewani, ila lazima simu na hedifoni zote mbili ziwe nazo, na wengi hawana.

Kwa hiyo umelipia maji ya chemchemi, ukayateka kwa jerikeni ya zamani. Sisemi SBC ni mbaya. Kwa kutembea inatosha na inabaki. Nasema tu kwamba huwezi kukaa na hedifoni hizo ukatafuta tofauti kati ya 320 na losilesi, kwa sababu kabla haijafika sikioni zote mbili zimekwishapita kwenye chujio lilelile.

Dawa yake si ghali. Kama simu yako ina tundu la hedifoni, tumia. Kama haina, kuna vile viadapta vidogo vya USB-C vyenye kibadilishaji sauti ndani yake. Chukua cha kampuni inayojulikana, maana vya bei ya kutupa vingine vina kelele ya chinichini kama nyuki. Halafu hedifoni za waya, zile zinazofunika sikio. Hapo hela yako itafanya kazi kuliko popote. Mtu mwenye MP3 ya 320 na hedifoni nzuri za waya anasikia mengi kuliko mwenye 24/192 na hedifoni zilizojaa besi tupu. Ingia pia kwenye mipangilio ya programu yako ya muziki uhakikishe kwamba losilesi imewashwa kwa kusikiliza na kwa kupakua. Nimeona watu wamelipa miezi mitatu huku mpangilio ukiwa bado kwenye "kawaida".

Sasa albamu zenyewe, maana umesema umezipakua zote sita.

Hiyo ya kwanza angalia orodha ya nyimbo. Toleo la CD la Marekani lilicheleweshwa baada ya mashambulizi ya Septemba 11, 2001, na wimbo wa tisa, "New York City Cops", ulitolewa kwa sababu unawakejeli polisi wa jiji hilo wakati ambao baadhi yao walikuwa wamekufa kwenye majengo yaliyoshambuliwa. Mahali pake pakawekwa "When It Started". Jalada nalo ni tofauti: la Marekani ni picha ya njia za chembe za atomu, la kwingineko ni mkono wenye glavu kwenye nyonga. Wanaoshindana kuhusu biti 16 na 24 wakati albamu yao imepungukiwa wimbo, huwa nawashangaa.

"Room on Fire" ya 2003 ilianza kurekodiwa na Nigel Godrich, wakaachana, wakarudi kwa Raphael. Ukishaizoea ya kwanza, hii utaielewa bila msaada wangu, ila sikiliza gitaa kwenye "12:51" linavyojifanya kinanda cha umeme.

"First Impressions of Earth" ya 2006 ndiyo itakayokupa somo. Hapa sauti ya mwimbaji imetoka kwenye simu, imekuja mbele, kila chombo kinaonekana. Na bado masikio yangu huchoka nikifika katikati. Sababu ni kwamba imesukumwa juu sana. Ulikuwa wakati ambao kila kampuni ilitaka wimbo wake uwe na sauti kubwa kuliko wa jirani, kwa hiyo wakati wa mastaringi vilele vinakandamizwa ili vyote vinyanyuliwe pamoja. Ngoma inakosa pa kurukia. Losilesi inakuletea ukandamizaji huo wote bila kupoteza hata kidogo, ndiyo hivyo. Ukitaka kujua kwa nini baadhi yetu tunasema mastaringi inashinda umbizo la faili, weka hii, kisha rudi kwenye ya kwanza kwa sauti ileile ya chini.

"Angles" ya 2011 mwimbaji alirekodi sehemu zake peke yake, akawa anawatumia wenzake kwa barua pepe, na mimi nausikia huo umbali, au labda naujua tu ndipo nausikia. "Comedown Machine" ya 2013 jalada lake limechorwa kama boksi la utepe wa kurekodia la RCA. Nimeisikiliza mara chache.

Ila "The New Abnormal" ya 2020, hiyo kaa nayo. Ilisimamiwa na Rick Rubin, na mwaka uliofuata ikachukua Grammy ya albamu bora ya roki. Ukiniuliza ni wapi losilesi na hedifoni za waya zitakulipa, ni hapa, kwa sababu ina nafasi. "The Adults Are Talking" ina magitaa mawili yanayochomekeana kama watu wawili wanaosuka mkeka mmoja, kila mmoja upande wake, nyuzi zimezuiwa kwa kiganja ili zisivume. Kila noti ina mwanzo na mwisho wake. Punguza ubora na unaona zile ncha zinalainika, mkeka unakuwa kitambaa. Halafu nenda wimbo wa mwisho, "Ode to the Mets". Kabla ngoma hazijaingia, Casablancas anamwomba mpiga ngoma aanze, kwa sauti ya kawaida kabisa, kama mtu anayeomba chumvi mezani: "Drums please, Fab." Kisha zinaingia. Zima feni, funga dirisha, usikilize kinachotokea kwenye chumba kile kati ya neno hilo na pigo la kwanza.

Kuhusu bando: albamu zote sita kwa pamoja ni kama saa nne, na kwa ubora wa CD zitakula karibu GB 1.7. Ukizipakua mara moja kwa Wi-Fi ya chuo umemaliza. Ukizisikiliza moja kwa moja mtandaoni kila siku kwa bando la simu, utakula mihogo mpaka boom lingine la mkopo litoke. Na ukitaka faili ziwe zako hata ukiacha kulipa, njia rahisi ni CD iliyotumika, hata kwa kumwagiza ndugu aliye Ulaya, kisha uinakili kwa programu ya Exact Audio Copy, ambayo inalinganisha nakala yako na za watu wengine waliokopi CD hiyohiyo na kukwambia kama zimelingana. Kwa bendi ndogo zaidi kuna Bandcamp, duka la muziki la mtandaoni, ambako ukinunua unachagua mwenyewe FLAC au MP3. Huko huko utakuta singeli, muziki wa kasi sana, ya studio ya Sisso ya hapa kwetu Dar, iliyotolewa na lebo ya Nyege Nyege Tapes ya Kampala, na ukitaka kuiaibisha MP3 ya 128 kweli kweli, acha The Strokes, iwekee singeli.

MP3 za binamu usizifute. Kwenye daladala ya Msamvu, dirisha wazi, konda anapiga bodi, hutasikia hai-hati ya mtu yeyote.